Usiulize Kama Mumiani Yupo

Mumiani, yule anayesemwa hunyonya watu damu, akitajwa barazani hapa Lamu, hakosi kijana wa kumkata mzee kauli: "Hizo hekaya za watu wasiosoma." Juzi imesemwa tena, na mzee akanyamaza. Inauma, kwa sababu kilichokatwa pale ni historia.

Luise White, mwanahistoria Mmarekani, alifanya kinyume. Katika kitabu chake cha mwaka 2000 amekusanya masimulizi ya wazimamoto wa enzi za Mwingereza, waliodaiwa kukamata watu usiku na kuwanyonya damu. Hakushughulika na kama damu ilinyonywa kweli. Alitaka vitu vyenyewe: gari la rangi gani, lilikuwa na taa au halina, shimo lilichimbwa wapi, nani alivaa sare, nani alilipwa. Humo akapata habari za ajira na za hofu ya serikali ambazo hazimo kwenye mafaili.

Hiyo ndiyo kazi ya anayekusanya masimulizi. Mwache msimulizi amalize, kisha urudi kwenye vyombo, saa, na nani alisalimika. Mahali masimulizi mawili yanapoachana, hapo ndipo pa kuchimba. Wengi huharibu kwa kurukia maana: "mumiani ni ukoloni," basi, kwisha. Popobawa wa 1995, zimwi lililosemwa kuvamia watu usiku, alivuma Pemba na Unguja mwaka wa uchaguzi wa vyama vingi. Wazimamoto walikuwa na gari na mshahara. Ukiwafanya kitu kimoja umewapoteza wote.

Hata neno lenyewe lisikilizwe. Mumiani ilikuwa dawa, kitu cheusi mfano wa lami, iliyotumiwa kwa waliovunjika mifupa. Watu wakasema ni damu ya binadamu iliyogandishwa, kisha jina likamhamia anayeitafuta damu hiyo. Kuna lini na kwa nini katika uhamisho huo, na wazee wanaoweza kulisema wanakwisha.

Tena sisi tulishakuwa na nadharia yetu ya hawa wala-watu. Zimwi likujualo halikuli likakwisha. Methali haisemi zimwi hilo ni jema. Inasema litakula, ila litabakiza. Ndivyo mtu anavyompigia kura mla mali ya umma wa kwao akamwacha mgeni asiyemjua: anayekujua atakumbuka maziko yako, atachangia mahari, na kesho atarudi kwenye sahani ileile. Anayemwita mpiga kura huyo mjinga hajapiga hesabu yake ya kilichobaki.

Jambo moja sina budi kulikubali, na ni zito. Zimwi hubandikwa mtu asiye na hatia. Kule Kilifi wazee wanauawa kwa kusingiziwa uchawi, na wengine wamekimbilia Kaya Godoma, kituo cha kuwahifadhi wazee kama hao huko Ganze, wakiacha nyumba zao. Lakini hapo pia hatusaidiki kwa kubishana kama uchawi upo. Mzee akishaitwa mchawi, itafutwe hati ya shamba lake siku hiyohiyo: jina gani limo, na nani anataka lake liingie.