Jua Moja Limenishinda, Mpwa Wangu Kaongeza la Pili

Mimi ni mtu mzima. Hapa Kisenyi, Kampala, nimeshona gomesi za harusi, yale magauni ya mabega yaliyochongoka, zisizo na hesabu, na kanzu za mabwana harusi waliokuja kupimwa wembamba wakarudi kuchukua nguo na vitambi. Sistahili kuamka nikasimama mbele ya ukuta wangu mwenyewe nisijue leo ni tarehe ngapi.

Kalenda ilikuwepo. Ile ya duka la saruji, yenye picha ya lori, niliyoipigania Desemba. Nimezizungushia kalamu nyekundu tarehe zote za maana: fizi za shule, kikundi cha akiba, kodi. Umeme hauna tarehe, huo unakwisha ukijisikia. Leo natazama, lori hakuna. Kalenda imegeuzwa mgongo, na mgongoni pamechorwa majua mawili, kubwa la chungwa na dogo jekundu, na chini yake vijumba tele kama mzinga wa nyuki. Tena kwa chaki zangu za kukatia!

"Twaha!"

"Labeka, Mjomba."

"Nini hii?"

"Kalenda ya dunia yangu. Nabuni dunia, ya hadithi."

Kijana ana miaka 19, shule kamaliza, kazi hana, dunia anabuni. Nikamwuliza kama huko watu wanalipa kodi ya nyumba. Akasema hajafika hapo.

Kumbe si yote ya kubuni. Sayari ya namna hiyo ipo kweli, inaitwa Kepler-16b, wanaastronomia waliitangaza mwaka 2011. Inazunguka majua mawili, na mwaka wake ni siku 229 za kwetu. Majua yenyewe yanazungukana kwa siku 41, basi Twaha kaufanya huo ndio mwezi: yakimaliza mzunguko mmoja, mwezi umeandama. Miezi mitano, siku 205. Zinabaki siku 24 zisizo na mwezi wowote. Kaziita Mabaki.

Hasira zikanipungua kidogo. Mwezi wa siku 41! Nilikuwa bado nauonja huo utamu mdomoni, hodi ikapigwa. Hodi ya Hajati, mwenye nyumba wangu, haiombi ruhusa, inatoa taarifa.

"Baba Salma, leo tarehe tatu."

Nikajikohoza. Nikamvutia stuli. Nikaunyoshea ukuta mkono kama kadhi. "Hajati, tarehe ni makubaliano ya watu. Sisi tunafunga mwezi wa siku 29 au 30, benki ina yake, Wahabeshi wana miezi 13. Kwa kalenda iliyopo humu ndani, mwezi una siku 41. Haujaisha."

Hajati akavaa miwani. Akasogea mpaka pua ikawa karibu kuligusa lile jua dogo. Akakagua vile anavyokagua noti ya elfu hamsini.

"Majua mawili?"

"Mawili, Hajati," Twaha akadakia, kafurahi kupata mwanafunzi.

"Yanazama pamoja?"

"Aa, siku nyingi moja linatangulia. Hata kwa saa nzima."

"Basi jua linazama mara mbili kwa siku." Akanigeukia taratibu. "Baba Salma, kwetu siku inakwisha lini?"

Sikujibu. Alijua kwamba najua.

"Magharibi," akajijibu. "Jua likizama, siku imekwisha. Magharibi mbili, siku mbili. Kwa hiyo 41 zako ni 82. Nakudai miezi miwili na siku 22."

Nikasema lile la pili ni dogo mno, halifai kuhesabiwa.

"Hata watoto ni wadogo. Ulisema mtakaa wawili, leo mko sita."

Nikakimbilia kwenye Mabaki. Siku 24 hazina mwezi, kodi ya mwezi itatoka wapi?

"Hazina mwezi? Hizo nitatoza kwa siku, kama gesti."

Na Twaha, damu ya dada yangu, kafungua daftari. "Hajati, hiyo ya gesti naweza kuiandika?"

Hapo nikachemka. Nikamwambia, wewe! Jua hili moja tu la ikweta, linachomoza karibu saa moja, linazama karibu saa moja, Januari mpaka Desemba, halijawahi kumdanganya mtu, na bado sijaweza kufika nalo mwisho wa mwezi nikiwa na pesa mfukoni! Gomesi ya watu haina bega, mwenyewe anaitaka Jumamosi, pasi haina mkaa, na wewe unaniongezea jua?

Kimya. Hajati akachukua nusu niliyokuwa nayo, akaihesabu mara mbili, magharibi mbili hizo hizo, akaniandikia risiti.

"Mwanangu," akamwambia Twaha mlangoni, "nichoree nyingine. Nina vyumba 16. Hayo Mabaki uyaandike makubwa."

"Nitalipwa lini, Hajati?"

"Mwisho wa mwezi."

"Mwezi upi?"

Alishavuka mtaro.

Nimeigeuza kalenda, lori limerudi, lakini chaki imeng'ang'ania ukutani na sasa lori lina jua jekundu nyuma yake. Na mwenye gomesi kapiga simu. Anataka mabega yachongoke kuliko ya wifi yake. Wifi yake nilimshonea mimi, juzi alipanda takisi ubavuubavu. Huyu yachongoke mpaka wapi?