Magoti ya wanawake wa Malawi

Nimekulia Kyela, upande wetu wa Tanzania wa mto Songwe, mpakani na Malawi. Mama alipokuwa akivuka kwenda Karonga, shangazi alimsimamisha mlangoni kwanza amkague: gauni limefunika magoti? Suruali ndiyo hata usiiwaze. Sheria ya mavazi ya Malawi ya mwaka 1973 haikujali mgeni wala mwenyeji.

Kamuzu Banda, rais wa kwanza wa Malawi, alijiita nkhoswe wa wanawake wote wa nchi ile, nao wakaitwa mbumba wake. Kwa Wachewa, nkhoswe ni mjomba anayewasimamia mbumba, yaani dada zake na watoto wao, akiwasemea kwenye ndoa na mashauri. Ni heshima kubwa. Kamuzu aliichukua heshima hiyo akaigeuza amri: mbumba walivaa vitenge vyenye uso wake, wakasombwa kwenda kumchezea kila alikotia mguu.

Aliyekataa kucheza aliona cha moto. Vera Chirwa, mwanamke wa kwanza wa Malawi kuwa mwanasheria, aliwahi kuishi uhamishoni hapa Tanzania na mumewe Orton. Desemba 1981 walitekwa mpakani mwa Zambia, wakahukumiwa kunyongwa, kisha adhabu ikawa kifungo cha maisha. Walifungwa gereza moja, Zomba, wasionane kwa miaka minane. Walikutanishwa mara moja tu, Septemba 1992, wanasheria kutoka Uingereza walipowatembelea. Mwezi uliofuata Orton akafa. Vera alinyimwa ruhusa ya kumzika. Kila nikifika hapo moyo unaniuma, kwa sababu mwenye amri hiyo ndiye aliyejiita mlinzi wa wanawake.

Vera aliachiwa Januari 1993. Juni mwaka huo wananchi wakapiga kura ya maoni wakachagua vyama vingi, sheria ya mavazi nayo ikafutwa. Uchaguzi wa 1994 ukamwondoa Kamuzu. Katika wabunge 177, wanawake walikuwa 10.

Ndiyo maana nasema kumwondoa mtawala ni hatua ya kwanza tu. Januari 2012, miaka karibu 20 baada ya sheria kufutwa, wamachinga mitaani Lilongwe waliwavamia wanawake waliovaa suruali na sketi fupi, wakawavua nguo hadharani. Wengi wa vijana hao walikuwa watoto wadogo, au hata hawajazaliwa, sheria ile ilipokufa. Waliirithi wapi? Nyumbani, kwa watu wazima tuliodhani yameisha. Wanawake wa Blantyre waliandamana wakiwa na suruali zao, wakiwauliza wamachinga: leo tununue kwenu, kesho mtuvue?

Aprili mwaka huohuo Joyce Banda akawa rais, mwanamke wa kwanza katika nchi ile. Nilifurahi sana, na sioni aibu kulisema. Lakini hata kwenye mikutano yake kina mama walivaa vitenge vya rangi ya chungwa, rangi ya chama chake, wakacheza juani kama walivyomchezea Kamuzu.