Lita 30 za Kufunika Lita 2

Jamani, anayetunga maswali ya hesabu hajawahi kuuza maziwa. Naapa.

Jana jioni nimekaa zangu kibandani, hapa Mbuyuni, nasubiri chai ichemke. Binti yangu wa kidato cha pili katandaza daftari juu ya meza ya wateja, pembeni ya sahani ya maandazi. Swali ni la Kiingereza, akanigeuzia: muuza maziwa ana lita 20, asilimia 10 yake ni maji. Aongeze maziwa halisi lita ngapi ili maji yawe asilimia 4?

Aongeze maziwa! Nimezaliwa Moshi hii, nimekulia Moshi hii, na mchanganyiko ninaoujua mimi unakwenda upande mmoja tu.

Lakini baba hashindwi mbele ya mtoto. Nikanyakua kalamu. Kutoka 10 mpaka 4 ni 6. Asilimia 6 ya 20 ni 1.2. "Andika hapo, lita moja nukta mbili." Mtoto akanitazama kama ninavyomtazama mteja anayetaka kukopa.

"Baba, hayo labda ni maji ya kutoa. Utayatoa na nini, kijiko?"

Kumbe ujanja ni kushika kile kisichobadilika. Maji ni lita 2, na hata umimine maziwa usiku kucha, yatabaki lita 2. Sasa hizo 2 ni asilimia 4 ya ngapi? Ya 50. Ulikuwa na 20, ongeza 30. Mistari mitatu, kwisha! Na mimi enzi zangu nilichapwa muhula mzima kwa kitu hiki hiki.

Ila hebu ngoja. Lita 30? Mama anayeniletea kutoka Kibosho ananiuzia lita moja kwa shilingi 1,500. Yaani nimwage 45,000 kwenye ndoo ili kufunika lita 2 za maji! Na huyo mama simwonei huruma, maziwa yake nayatumbukizia kile kipimo cha kuelea. Kikisoma chini ya 28, nahisi maji humo, ndoo inarudi mlimani.

Sasa kulikuwa na dereva mmoja wa boda, mteja wangu wa kila siku, katulia na glasi yake ya maziwa ya moto. Kumbe masikio yote yako kwetu.

"Mdogo wangu, na haya ya hapa ni asilimia ngapi?"

Nikakohoa. Nikapeleka mguu chini ya meza nimkanyage binti, nikakanyaga wa meza.

"Asubuhi baba alipokea lita 20," mtoto anasema bila hata kuinua kichwa, "akaongeza majagi matano ya lita moja moja."

"Kwa hiyo asilimia 25."

"Hapana kaka, hugawi kwa 20 ya mwanzo. Unagawa kwa jumla mpya. 5 kwa 25. Asilimia 20."

Kibanda kizima kimya. Mtu na andazi lake mdomoni, hatafuni.

Boda akamalizia glasi taratibu. Glasi kwangu ni 1,000, bei ipo ukutani kwa chaki. Akahesabu sarafu, akapanga 800 mezani.

"Mangi, nimelipia maziwa. Maji ni ya Mungu."

Nikamgeukia binti yangu anitetee. Akazitazama zile sarafu, akarudi kwenye daftari.

"Yuko sahihi, baba."