Makato Yananijua, Daraja Halinijui

Mimi ni mwalimu wa sekondari, daraja langu la mshahara ni TGTS D, katika ngazi za mishahara ya walimu wa serikali Tanzania, na kwa mwenendo wa masijala ya halmashauri yetu inaelekea nitazikwa nalo. Wenzangu tulioajiriwa pamoja mwaka 2014, tukalala chini katika nyumba moja ya wageni tukisubiri fedha za kujikimu, leo wanaulizana habari za TGTS F, madaraja mawili juu yangu.

Kosa langu, nimeelezwa, ni kwamba barua yangu ya kuthibitishwa kazini haimo kwenye jalada. Barua ninayo, ina muhuri na saini ya mkurugenzi wa wakati ule, lakini mtunza kumbukumbu aliniambia kwa upole wa kutisha: "Mwalimu, hiyo ni nakala ya mtumishi. Inayotambulika ni ya kwenye jalada." Kwa kuwa ya kwenye jalada haipo, kiutumishi bado nipo kwenye kipindi cha majaribio. Nina mvi, na mkuu wangu wa shule ndiye niliyemwelekeza kuandika andalio la somo alipokuja mazoezini, nami bado ninajaribiwa.

Nikaomba nilione jalada lenyewe. Kurasa zimepewa namba kwa wino mwekundu, na baada ya folio namba 7 inakuja namba 12, ambayo ni ombi la likizo ya uzazi la mwalimu mwenzangu tunayelingana jina la ukoo. Kwa hiyo mwajiri wangu hana hakika kama nilithibitishwa, ila ana hakika kwamba niliwahi kujifungua.

Sikatai kwamba mwaka 2016 madaraja yalisimamishwa kwa watumishi wote ili watumishi hewa na vyeti vya kughushi vihakikiwe. Nilihakikiwa, ikaonekana kuwa mimi si hewa wala si feki. Fomu za OPRAS, zile za kupima utendaji kazi, nilizijaza kila mwaka, fotokopi kwa fedha zangu. Ilipokuja PEPMIS, mfumo wa kompyuta uliochukua nafasi ya fomu hizo, tukaambiwa mambo ya makaratasi yamekwisha, na kweli yamekwisha, isipokuwa taarifa zangu zilichukuliwa kutoka jalada lile lile, na mahali pa tarehe ya kuthibitishwa pamebaki peupe.

Uliposikika mserereko, kwamba waliocheleweshwa watapandishwa kwa mpigo walingane na wenzao, nilimwahi afisa utumishi asubuhi na mapema kabla hajavua koti. Akanifafanulia kwamba ili mtu aserereke ni lazima awe amecheleweshwa, na kumbukumbu hazioneshi kuwa nimecheleweshwa kwa sababu hazioneshi kuwa nilianza.

Linaloniudhi zaidi ni kwamba upande wa makato kumbukumbu zangu ni safi kama kanzu ya Idi. Asilimia 15 ya Bodi ya Mikopo, 5 ya mfuko wa hifadhi ya jamii, 3 ya bima ya afya na 2 ya chama cha walimu hazijawahi kukosa folio hata mwezi mmoja, wala hakuna aliyeniambia, "Mwalimu, bado upo kwenye majaribio, mwezi huu tutakuachia."

Sasa nimeshauriwa niandike barua, ipitie kwa mkuu wa shule, niombe nakala halisi ya barua ya kuthibitishwa kutoka kwenye jalada. Nimeiandika, na humo humo nikaongeza aya ya kueleza kwamba sijawahi kujifungua. Afisa amesema hiyo aya niitoe, jambo hilo lina fomu yake.