Sekunde Chache za Ngoma ya Walakota

Tarehe 24 Septemba 1894, Walakota, wenyeji asilia wa Marekani, waliokuwa wakicheza katika maonyesho ya kulipia ya Buffalo Bill waliingia studio ya Thomas Edison huko West Orange, New Jersey, banda lililofunikwa karatasi nyeusi za lami na lenye paa la kufunguka ili jua liingie. Filamu mbili za siku hiyo zinabishaniwa hadi leo, kama ni ushahidi wa ngoma halisi za Walakota au la: moja iliuzwa kwa jina la Ngoma ya Mizimu, nyingine Ngoma ya Nyati, na hakuna inayofika hata dakika moja.

Wanaozikataa kama ushahidi wana hoja nzito. Ngoma ya Mizimu ilikuwa ibada iliyotokana na mafundisho ya Wovoka, nabii wa Wapaiute, wenyeji asilia wa Nevada, mwaka 1889. Wanaume kwa wanawake walishikana mikono katika duara, wakaimba kwa saa nyingi bila kupigiwa ngoma, hadi baadhi yao wakaanguka na kupata maono. Serikali ya Marekani iliiogopa, na hofu hiyo ilichangia mauaji ya Wounded Knee ya Desemba 1890, ambapo wanajeshi wa Marekani waliwaua Walakota. Hata miaka minne haijatimia, jina la ibada likawa chambo cha wateja. Katika filamu yenyewe tunaona wachezaji wenye manyoya na shanga, watoto wakiwamo, wakizunguka kwa kubanana mbele ya kiza cha studio. Kwa maoni yangu, kilichodanganya hapo ni jina kuliko miguu.

Ngoma ya Nyati ndiyo inayonifanya nisite kuzitupa zote mbili. Last Horse, Parts His Hair na Hair Coat wanainama, wanakanyaga, wanazunguka, na nyuma yao wamekaa wapiga ngoma. Mkono unashuka juu ya ngozi lakini mlio hausikiki, kwa hiyo mapigo inabidi uyafuate kwa macho. Ni kweli walikuwa wakilipwa, na malipo hayo ndiyo hutajwa kama dosari. Lakini tangu 1883 kanuni za serikali zilikuwa zikiwaadhibu wenyeji waliocheza ngoma zao za kidini katika maeneo waliyotengewa, hivyo jukwaa la kulipwa, pamoja na fedheha yake yote, lilikuwa miongoni mwa mahali pachache ambapo Mlakota aliweza kucheza hadharani bila kukamatwa.

Ningependa wahifadhi wa filamu waendelee kuitaja Ngoma ya Mizimu kwa jina lake la kibiashara, wakieleza wazi kuwa ni la muuzaji, na katika Ngoma ya Nyati majina ya wachezaji watatu yatangulie lile la Edison.