Tembo haruki, na si kwa sababu ya uzito tu

Ukitaka kujua kwa nini tembo haruki, acha kutazama tumbo lake, tazama kisigino. Kila swali hili linapoulizwa, jibu huja upesi: ni mzito mno. Watoto hufundishwa hivyo, watu wazima hulirudia, na mara nyingi linatiwa chumvi kwamba tembo ndiye mnyama pekee duniani asiyeweza kuruka. Mimi jibu hilo silikubali. Lina ukweli, lakini ni ukweli nusu, na limetuzoesha kumwona mnyama aliyeumbika vizuri kana kwamba ana kasoro.

Hilo la "pekee" halihitaji maneno mengi. Kobe haruki. Konokono haruki, wala mnyoo wa ardhini, wala kiti cha pweza. Slothi, yule mnyama wa misitu ya Amerika ya Kati na Kusini anayeishi akining'inia matawini, naye haruki, na slothi mwenye vidole vitatu ana kilo 4 hivi, uzito wa paka wa kawaida. Paka huyo anaruka hadi juu ya kabati bila kujikaza. Slothi anakula majani yasiyo na nguvu nyingi, na chakula chake humchukua siku nyingi kusagika tumboni, kwa hiyo mwili wake umebana matumizi kila mahali. Ana misuli michache, na iliyo imara ni ile ya kushika na kuvuta. Ile ya kusukuma mwili juu ni dhaifu. Mweke chini uone: anajikokota kwa kucha za mbele.

Basi uzito peke yake hautoshi. Lakini wanaoutaja hawajautoa hewani. Mwaka 1638 Galileo Galilei alieleza kwamba ukimkuza mnyama mara mbili kila upande bila kubadili umbo lake, uzito wake unazidi mara 8, ilhali eneo la mkato wa mifupa na misuli inayoubeba linazidi mara 4 tu. Hesabu hiyo haina ubishi. Ila miongo minne baadaye ikachapishwa hoja ya Mtaliano mwenzake, Giovanni Alfonso Borelli, ambayo husahaulika: kazi ambayo misuli inaweza kufanya huongezeka pamoja na wingi wa misuli yenyewe, kwa hiyo wanyama wa umbo moja, mkubwa kwa mdogo, wangepaswa kuruka kimo kinachokaribiana. Ndiyo maana ile hadithi ya kwamba kiroboto angekuwa na ukubwa wa mtu angevuka maghorofa haina msingi. Kiroboto halisi hafiki hata nusu mita. Komba mdogo wa gramu mia mbili na ushee amepimwa akiruka wima zaidi ya mita 2. Kimo hakifuati ukubwa kama tunavyodhani.

Na kuna jambo linalonishawishi kuliko hesabu zote. Dume la pofu, yule swala mkubwa, lenye kilo 600 na zaidi, huvuka ua unaomzidi mtu urefu. Ndama wa tembo huzaliwa na kilo 100 hivi, na mwendo wake ni uleule wa mama yake. Kama uzito ndio ungekuwa jibu lote, ndama angekuwa anachupachupa mpaka siku anapokua. Hafanyi hivyo kwa sababu amezaliwa tayari na mguu uliotengenezwa kwa ajili ya mzigo utakaokuja.

Huo mguu ndio hasa ninaotaka uutazame. Mbwa, paka, kangaruu, hata sisi, tuna mfupa wa kisigino unaochomoza nyuma kama mpini, na kano nene inayouvuta. Unakunja, kano inajivuta na kuweka nguvu, unaachia, mwili unapaa. Tembo hana mtambo huo kwa kiwango cha maana. Mifupa yake ya mguu imepangana karibu wima, mmoja juu ya mwingine, kusudi uzito ushuke moja kwa moja ardhini badala ya kubebwa na misuli saa zote. Kifundo chake kinajikunja kidogo tu. Ndani ya ule unyayo mpana, mifupa imesimama kwa vidole, na kisigino kimekalia mto mnene wa mafuta na nyuzi. Anapokanyaga, unyayo unatanuka, anapouinua, unasinyaa, na hivyo anauchomoa kwenye matope pasipo taabu. Mwaka 2011 watafiti walieleza pia kwamba kuna kipande cha ziada ndani yake, kama kidole cha sita, kinachouegemeza ule mto. Huu ni mguu wa kubeba tani 6 siku nzima kwa ukimya. Haukuwahi kuwa mguu wa kuruka ukaharibika.

Mtafiti wa mwendo wa wanyama, John Hutchinson, na wenzake walikwenda Thailand, wakawatia tembo 42 alama za rangi kwenye viungo, wakawapiga picha za video wakienda kasi. Matokeo yalitoka mwaka 2003. Tembo walifikia kilomita 25 hivi kwa saa, na wakati wote ulikuwapo unyayo uliogusa ardhi. Lakini mwili wao ulionekana kudunda kwa namna ya mnyama anayekimbia. Kwa macho ya miguu wanatembea, kwa macho ya mwili wanakimbia. Mimi naona hapo ustadi: kapata sehemu ya faida za mbio bila kulipa gharama ya kutua.

Kwa sababu kutua ndiko kwenye hatari. Faru mweupe dume anapita tani 2, na bado anakimbia kwa mruko, miguu yote minne ikiachana na ardhi kwa muda mfupi. Kiboko, ambaye kwa miaka mingi aliwekwa kundi moja na tembo, watafiti wa Royal Veterinary College, chuo cha tiba ya wanyama cha London, walimpima upya mwaka 2024, wakakuta kwamba akienda kasi anakuwa hewani kwa hadi asilimia 15 ya muda wa kila hatua. Nyangumi mwenye nundu ana tani 30 hivi na hutoa karibu mwili wake wote nje ya bahari, kisha maji yanampokea. Tembo angepokewa na ardhi ngumu, kwa mifupa iliyonyooka isiyo na springi ya kupunguza kishindo.

Kutua kunawasumbua hata wasio na uzito wowote. Huko Brazil wapo vyura wa jenasi Brachycephalus, wadogo kiasi cha kukaa juu ya ukucha wa kidole gumba. Wanaruka, lakini hewani wanapoteza mwelekeo, wanabiringika, wanaanguka kwa mgongo au kwa ubavu. Mwaka 2022 sababu ilielezwa: mifereji ya sikio la ndani inayompa mnyama habari za mwili wake kugeuka ni myembamba mno kwao, maji yake hayasogei inavyotakiwa. Nusu ya kwanza ya kuruka wanayo, ya pili hawana.

Nasisitiza haya kwa sababu kutokuuelewa mguu wa tembo kuna gharama, na wanaoilipa ni tembo wenyewe. Kwenye sarakasi wamelazimishwa kusimama kwa miguu miwili, jambo linaloelekeza mzigo wote mahali pasipojengwa kuupokea. Bolivia ilipiga marufuku wanyama wote katika sarakasi mwaka 2009, na nchi nyingine zikafuata. Kwenye mabustani ya wanyama, wengi wamefugwa miaka na miaka juu ya zege, na maradhi ya nyayo na viungo ni miongoni mwa sababu kubwa za tembo waliofungiwa kuuawa ili wasiteseke. Porini mnyama huyu huchagua pa kukanyaga. Wale wa Samburu, kaskazini mwa Kenya, walifuatiliwa na utafiti wa mwaka 2006 ukaonesha kwamba hukwepa vilima, kwani kupanda mita 100 kunamdai tembo wa tani 4 kama nusu saa zaidi ya kula. Anayemfungia tembo anamnyima uchaguzi huo, kwa hiyo ana wajibu wa kumpa angalau udongo na mchanga wa kukanyagia, na nafasi ya kutembea kwa saa nyingi kila siku. Asiyeweza kumpa hivyo asimfuge.