Wakizima seva, sisi tubaki na nini?

Miaka michache iliyopita ungenikuta kwenye daladala nimeinamia simu, madole gumba mawili yanakimbizana juu ya kioo, ungedhani najibu meseji za kugombana na mtu. Kumbe nilikuwa kwenye wimbo. Maduara tisa yamepangwa kama upinde, kila moja na sura ya msichana wake. Juu katikati kuna alama ya noti, na humo pete zinachomoka kufuata mdundo. Unagusa duara pale pete inapolifikia, si kabla wala baada. Ukishapita noti mia tatu bila kukosea, wimbo wenyewe unakuwa si tatizo tena. Tatizo ni mkono, umeanza kutetemeka.

Mchezo huo ni Love Live! School Idol Festival, uliotengenezwa na KLab, ukaanza Japani Aprili 2013. Watu wengi huuhesabu kama biashara ya kampuni iliyowapata mashabiki baadaye. Mimi naona ni kinyume. Mradi wa Love Live!, wa kundi la wasichana waimbaji wa kuchorwa, ulianza 2010 ukiwa ndani ya jarida, na tangu mwanzo wasomaji walipigishwa kura nani asimame katikati kwenye wimbo ujao. Hata jina la kundi, μ's, lilitoka kwenye mapendekezo yao. Wasichana wale tisa ni wa kuchorwa, lakini waigizaji waliowapa sauti walipanda jukwaani wenyewe, na mwaka 2016 walijaza Tokyo Dome siku mbili mfululizo, Machi 31 na Aprili 1.

Ukitaka kuelewa mashabiki hawa ni watu wa namna gani, tazama wanavyoupokea wimbo wa Snow halation. Kila mmoja ana kijiti cha taa mkononi, na ukumbi mzima ni mweupe. Mwigizaji anayempa sauti Honoka, mmoja wa wale tisa, anapofika kwenye kipande chake cha peke yake, taa zote zinageuka rangi ya chungwa kwa mpigo mmoja. Kwenye video ya katuni taa za jukwaa hubadilika hivyo hivyo. Mashabiki wakaona, wakaihamishia ukumbini. Maelfu ya watu wasiojuana, na hakuna anayewahesabia moja, mbili, tatu.

Shemeji yangu aliwahi kuniuliza, "Kwa hiyo wewe unanunua picha za katuni?" Sikuwa na jibu la haraka. Ninalo sasa: mbona kwenye taarab mtu anainuka na noti zake, anacheza hadi mbele, anamtunza mwimbaji, na hakuna anayemwona mjinga? Kinachonikera ni kwamba anayetunza anajua anatoa ngapi na zinakwenda kwa nani. Kwenye gacha, yaani bahati nasibu ya kadi ndani ya mchezo, unanunua vito, vito vinanunua bahati, na kadi ya daraja la juu kabisa, UR, ilikuwa na nafasi ya asilimia 1. Mwaka 2012 serikali ya Japani ilipiga marufuku aina moja ya gacha, ile ya kukulazimisha ukamilishe seti ndipo upate zawadi kubwa. Hizi nyingine ziliachwa.

Mchezo ulizimwa Machi 31, 2023, na bila seva, yaani kompyuta za kampuni zinazouendesha, hauchezeki. Sawa, miaka kumi si haba. Lakini mrithi wake, School Idol Festival 2, toleo la nje ya Japani lilitangazwa kwamba linakuja Februari 2024, na tangazo lile lile likasema huduma itakoma Mei 31. Kadi ya mwaliko na tangazo la msiba kwenye bahasha moja! Nilicheka, halafu nikaacha kucheka.

Najua watakachosema: seva zina gharama, nyimbo zina wenyewe. Ni kweli. Ila Nintendo walipofunga mchezo wao wa simu, Animal Crossing: Pocket Camp, mwishoni mwa 2024, waliuza toleo la kulipia mara moja tu, lisilohitaji seva zile, na mchezaji aliweza kuhamishia vitu vyake humo. Kwa hiyo inawezekana. Hata nyimbo zikikatwa nusu, niachie kadi nizitazame na nyimbo ishirini za kupiga bila intaneti. Nitalipa. Mashabiki waliolipatia kundi jina hawakustahili kufungiwa mlango kama wapangaji waliodaiwa kodi.

Juzi nilikuta video ya kioo cha simu iliyorekodiwa na shabiki mmoja, wimbo mzima kwa kiwango kigumu. Nikajikuta nagonga meza kwa madole gumba, kushoto, kulia, yote mawili. Nikakosea palepale nilipokuwa nakosea siku zote.